Kudharau Mahakama na Utii wa Maofisa kwa Amri za Mahakama: Ufafanuzi kwa Kuzingatia Mazingira ya Ugalla, Mkoa wa Katavi

Ikisiri

Makala haya yanafafanua sheria ya kudharau mahakama nchini Tanzania pale anayedaiwa kukaidi amri ni ofisa wa umma. Mazingira yanayotumika kama kielelezo ni ya Ugalla, katika Wilaya ya Mpanda, Mkoa wa Katavi, ambako mamlaka kadhaa za umma husimamia ardhi iliyo jirani na makazi ya watu. Hoja kuu ni kwamba kinga ya Serikali katika mashauri ya madai imefunga njia nyingi za kukaza hukumu, na kwa hiyo mwananchi hubaki akitegemea shauri la kudharau mahakama. Shauri hilo humlenga mtu na si taasisi, na hufaulu tu iwapo amri iliandikwa kwa uwazi na ikamfikia ofisa mwenye wajibu. Kwa sababu hiyo, utii wa ofisa huamuliwa zaidi siku amri inapoandikwa na kufikishwa kuliko siku adhabu inapoombwa.

1.0 Utangulizi

Ibara ya 107A ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977, iliyoingizwa kwa marekebisho ya mwaka 2000, inaitaja Mahakama kuwa ndiyo mamlaka yenye kauli ya mwisho katika utoaji haki. Ibara ya 26 inamtaka kila mtu kuifuata na kuitii Katiba na sheria za nchi. Ibara hizo mbili zikisomwa pamoja, hazimwachi nje mkuu wa wilaya, mkurugenzi wa halmashauri, mhifadhi wala mtendaji wa kijiji. Hata hivyo, Mahakama haina jeshi wala hazina. Amri yake hutegemea kutekelezwa na mkono uleule wa dola ambao wakati mwingine ndio ulioshtakiwa.

Swali linalojibiwa na makala haya ni hili: mwananchi aliyepata amri ya Mahakama dhidi ya mamlaka ya umma ana njia gani ofisa asipoitii? Ufafanuzi unaanza na mazingira ya Ugalla, kisha misingi ya sheria, kinga ya Serikali, vigezo vya kuthibitisha dharau, mafunzo kutoka mashauri yaliyokwisha amuliwa, na mwisho namna amri inavyopaswa kuandikwa na kufikishwa.

2.0 Mazingira ya Ugalla

Ugalla ni kata iliyo katika Halmashauri ya Wilaya ya Nsimbo, na pia ni jina la mto unaoingiza maji yake Malagarasi na la eneo pana la miombo linalogusa mikoa ya Katavi na Tabora. Katika miaka ya 1920 utawala wa Waingereza uliwahamisha watu wa sehemu hizi na kuwakusanya katika makazi maalumu kwa sababu ya malale. Baadaye sehemu kubwa ya bonde la mto ikawa pori la akiba. Chini ya hadhi hiyo, warina asali na wavuvi waliruhusiwa kuingia kwa vibali vya msimu. Mwaka 2019 pori hilo likawa Hifadhi ya Taifa ya Mto Ugalla, hadhi ambayo haina nafasi ya matumizi ya namna hiyo. Jirani kuna misitu ya hifadhi, vijiji vyenye ardhi yake chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, pamoja na Katumba, makazi yaliyoanzishwa kwa ajili ya wakimbizi waliotoka Burundi mwaka 1972.

Kwa hiyo mkazi mmoja anaweza kuguswa na uamuzi wa mamlaka nne au tano: Shirika la Hifadhi za Taifa ndani ya hifadhi, Wakala wa Huduma za Misitu katika msitu wa hifadhi, halmashauri ya kijiji, halmashauri ya wilaya, na ofisi ya mkuu wa wilaya inayosimamia usalama. Mgogoro wa mpaka unapozuka, si rahisi kujua ni nani hasa aliyetoa agizo la kuondoa watu na ni nani atakayelitekeleza.

Umbali nao una uzito wake. Mashauri ya madai dhidi ya Serikali hufunguliwa Mahakama Kuu peke yake. Mkoa wa Katavi, ulioundwa mwaka 2012 kutoka Mkoa wa Rukwa, unahudumiwa na masjala ya Mahakama Kuu iliyopo Sumbawanga, zaidi ya kilomita 200 kutoka Mpanda mjini. Amri inayotolewa Sumbawanga asubuhi haiwezi kudhaniwa kuwa imejulikana Ugalla jioni. Katika pengo hilo la muda nyumba inaweza kubomolewa na mizinga ikachomwa.

3.0 Misingi ya Sheria ya Kudharau Mahakama

3.1 Dharau kama kosa la jinai

Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, inashughulikia dharau katika kifungu cha 114. Kifungu hicho kinataja matendo kama kukosa heshima mbele ya hakimu, kukataa kutoa ushahidi, kuvuruga mwenendo wa shauri, na kumnyang’anya ardhi mtu aliyekabidhiwa muda mfupi uliopita kwa hati ya Mahakama. Baadhi ya matendo hayo yakifanyika mbele ya Mahakama yenyewe, hakimu anaweza kumweka mkosaji chini ya ulinzi na kumwadhibu kabla Mahakama haijaahirishwa siku hiyo. Madaraka haya ya haraka yanalinda utulivu wa chumba cha Mahakama. Hayakukusudiwa kwa ofisa anayekaidi amri akiwa ofisini kwake au porini.

Kwa ukaidi wa namna hiyo kifungu kinachohusika zaidi ni cha 124, kinachomfanya mtu yeyote anayekaidi amri halali ya Mahakama kuwa ametenda kosa linaloweza kumpeleka gerezani hadi miaka 2. Udhaifu wa njia hii kwa mwananchi uko wazi: mashtaka ya jinai huendeshwa na mamlaka ya umma, na mlalamikaji hana uwezo wa kuilazimisha imshtaki ofisa wa umma mwenzake.

3.2 Dharau katika mashauri ya madai

Njia ya pili ni ya madai. Amri ya XXXVII ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inairuhusu Mahakama iliyotoa zuio la muda kukamata mali ya mtu aliyelivunja na kumweka kizuizini kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Mwombaji hufungua maombi yanayoungwa mkono na hati ya kiapo, na mjibu maombi huitwa kueleza kwa nini asiadhibiwe. Haki ya kusikilizwa iliyo katika ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inamlinda hata anayetuhumiwa kuidharau Mahakama.

Lengo la njia hii ni kurejesha utii. Mfano mzuri umetoka Kenya. Tarehe 13 Septemba 2024 Mahakama Kuu ya Nairobi ilimhukumu Gilbert Masengeli, aliyekuwa akikaimu nafasi ya Inspekta Jenerali wa Polisi, kifungo cha miezi 6 kwa kutofika mahakamani licha ya kuitwa mara kwa mara kueleza walipo watu watatu waliopotea Kitengela. Utekelezaji wa adhabu hiyo ulisimamishwa kwa siku chache ili apate nafasi ya kutii. Alipofika mahakamani, adhabu iliondolewa. Kilichotafutwa kilikuwa kufika kwake, na kilipopatikana gereza halikuhitajika tena.

4.0 Kinga ya Serikali

Kabla ya kufikia shauri la dharau, mwananchi hukutana na Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, ya mwaka 1967. Awali sheria hiyo ilimtaka mdai apate kwanza kibali ndipo aishtaki Serikali. Katika shauri la Kukutia Ole Pumbun, mwaka 1993, Mahakama ya Rufani ilitamka kuwa sharti hilo linakiuka Katiba. Bunge likaliondoa mwaka 1994 na kuweka notisi ya siku 90. Marekebisho ya mwaka 2020 yalizileta mamlaka za serikali za mitaa, wakala na mashirika ya umma chini ya utaratibu huo, na yakataka Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe katika mashauri yanayowahusu. Mkazi wa Ugalla anayegombana na halmashauri yake kuhusu eka chache hulazimika sasa kupita njia ileile anayopita mwekezaji anayeidai Wizara.

Kinga mbili katika sheria hiyo zinahusu moja kwa moja utii wa amri. Ya kwanza ni kwamba, katika mashauri ya madai, Mahakama hairuhusiwi kuitolea Serikali zuio. Badala yake inaweza kutoa tamko la haki za wahusika. Shauri likihusu ardhi, Mahakama inaweza kutamka kwamba mdai ndiye mwenye haki, lakini si kuamuru kwamba akabidhiwe. Ya pili ni kwamba mali ya Serikali haikamatwi ili kukaza hukumu. Mshindi hupewa hati ya madai yenye kiasi anachostahili, kisha husubiri kulipwa. Sheria inatamka pia kwamba hakuna mtu binafsi atakayewajibika kulipa deni hilo.

Athari ya kinga hizi kwa sheria ya dharau ni kubwa. Tamko humweleza kila mtu haki ilipo lakini halimwamuru mtu yeyote kufanya jambo lolote. Asiyeamriwa hawezi kusemwa kuwa amekaidi. Ndiyo maana mwanasheria anayemtetea mwananchi dhidi ya ofisa mara nyingi huelekea kwenye mapitio ya mahakama chini ya Sura ya 310, ambako Mahakama Kuu inaweza kufuta uamuzi, kumkataza ofisa asitende, au kumwamuru atimize wajibu wake wa kisheria. Amri hizo humlenga mwenye madaraka kwa cheo chake, na zikikaidiwa kuna mtu wa kuuliza. Njia hiyo nayo ina masharti: ni lazima kuomba kwanza ruhusa ya Mahakama, na kwa Kanuni za mwaka 2014 maombi ya ruhusa hufunguliwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi unaolalamikiwa kutolewa.

Upande wa pili wa mizani unastahili kutajwa. Sheria ya Tawala za Mikoa ya mwaka 1997 inawapa wakuu wa mikoa na wa wilaya uwezo wa kuamuru mtu akamatwe na kuwekwa kizuizini hadi saa 48 kwa masharti yaliyotajwa humo. Mkuu wa wilaya anaweza basi kumweka ndani mwanakijiji siku hiyohiyo, wakati mwanakijiji mwenye amri ya Mahakama mkononi huhitaji maombi, kiapo, wito na usikilizwaji kabla ofisa hajaulizwa chochote.

5.0 Vigezo vya Kuthibitisha Dharau

Katika nchi za Afrika Mashariki zinazofuata mapokeo ya sheria ya Kiingereza, mambo manne huhitaji kuthibitishwa: kwamba amri ilikuwepo na maneno yake yalikuwa wazi, kwamba mjibu maombi aliijua, kwamba alikuwa na uwezo wa kuitii, na kwamba aliacha kuitii kwa makusudi. Katika shauri la Mutitika dhidi ya Baharini Farm, mwaka 1985, Mahakama ya Rufani ya Kenya ilieleza kuwa kiwango cha uthibitisho ni cha juu kuliko kile cha kawaida cha madai, ingawa hakifikii kile cha jinai. Sababu yake ni kwamba uhuru wa mtu uko hatarini.

Kila kigezo humfungulia ofisa mlango wa utetezi. Amri inayosema tu kwamba “hali ibaki kama ilivyo” humwezesha kila upande kudai kuwa hali iliyokuwepo ndiyo inayoupendelea. Mhifadhi atasema mipaka ilikwisha wekwa. Mkulima atasema shamba lilikuwa na mazao. Amri iliyoielekeza halmashauri ya wilaya humwacha askari wa hifadhi akidai kwamba hakutajwa. Ofisa wa chini husema aliagizwa, na husimama juu ya methali isemayo mjumbe hauawi. Katika sheria methali hiyo haitoshi: kwa kanuni ya Kiingereza iliyopokelewa huku, hata asiyetajwa katika amri, akisaidia kuivunja huku akiijua, anaweza kuulizwa.

Utetezi mwingine unaosikika mara nyingi ni kwamba rufaa imekatwa. Huu si utetezi. Kukata rufaa hakusimamishi utekelezaji mpaka Mahakama yenyewe iamuru hivyo. Kadhalika, ofisa anayeamini kuwa amri ni batili hana ruhusa ya kujipa ujaji. Amri hutiiwa mpaka itakapofutwa, kanuni ambayo mahakama za Uingereza ziliieleza katika shauri la Hadkinson mwaka 1952 na ambayo mahakama za Afrika Mashariki zimeifuata kwa muda mrefu.

6.0 Mafunzo kutoka Mashauri

Shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, lililoamuliwa na Mahakama ya Rufani mwaka 1994, lina uhusiano wa karibu na ardhi ya vijiji. Baba na mwanawe walikuwa wameshinda mahakamani kurejeshewa ardhi ya kimila waliyoipoteza wakati wa operesheni ya vijiji. Kisha sheria ya mwaka 1992 ikafuta haki za namna hiyo na kuzuia hukumu zake kukazwa. Mahakama ya Rufani ilitamka kwamba haki ya kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba, na ikabatilisha vifungu kadhaa vya sheria hiyo. Fundisho lake ni kwamba dola inaweza kuikwepa hukumu hata bila ofisa yeyote kuikaidi, kwa kubadili sheria iliyo chini yake. Dhidi ya hilo shauri la dharau halifai kitu. Kinga pekee ni Katiba.

Shauri la pili ni la Loliondo. Tarehe 25 Septemba 2018 Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki, mjini Arusha, ilitoa zuio la muda dhidi ya Serikali ya Tanzania kuhusu kuwaondoa wakazi wa vijiji vinne katika eneo la kilomita za mraba 1,500. Mwezi Juni 2022, shauri likiwa bado halijaamuliwa, Serikali iliweka alama za mipaka katika eneo hilo, na pande zote mbili zikawa na maelezo yao kuhusu ardhi ambayo zuio lililinda. Tarehe 30 Septemba 2022 shauri lilitupwa, na mwezi Novemba 2023 kitengo cha rufaa cha Mahakama hiyo kikaufuta uamuzi huo na kuagiza shauri lisikilizwe upya. Miaka mitano ilipita tangu zuio kutolewa, na swali la ardhi ipi hasa lilikuwa bado hai.

Shauri la tatu ni la Rebeca Gyumi. Tarehe 23 Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ilithibitisha kwamba vifungu vya 13 na 17 vya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, vinavyoruhusu msichana kuolewa kabla ya kutimiza miaka 18, vinapingana na Katiba, na kuipa Serikali mwaka 1 kuvirekebisha. Mwaka huo ulipita bila marekebisho. Hapa ugumu ni wa kumtambua mkaidi: Mwanasheria Mkuu huandaa muswada lakini hatungi sheria, na Bunge halikuwa mdaiwa. Hata hivyo ibara ya 30(5) ya Katiba inaeleza kwamba sheria iliyopewa muda huhesabiwa halali hadi irekebishwe au muda uishe, kwa kufuata muda ulio mfupi zaidi. Kwa mantiki hiyo amri ya namna hii imebeba matokeo yake ndani yake, na haihitaji mtu kufungwa ili iwe na nguvu.

Mfano wa nne unatoka Uingereza, ingawa mlalamikaji alikuwa mwalimu kutoka Zaire. Mwaka 1991 alirudishwa kwao, jaji akaamuru arejeshwe Uingereza, na amri hiyo haikutekelezwa. Mwaka 1993 Baraza la Mabwana, katika shauri linaloitwa M dhidi ya Home Office, lilitamka kwamba Waziri wa Mambo ya Ndani aliidharau Mahakama kwa cheo chake. Hakufungwa wala kutozwa faini. Aliamriwa kulipa gharama za shauri. Uzito wa uamuzi huo ulikuwa katika kukanusha wazo kwamba serikali hutii sheria kwa hiari yake na si kwa wajibu.

7.0 Kuandika na Kufikisha Amri

Mashauri hayo yanaonyesha kwamba kushindwa kwingi huanza mapema. Kwa mgogoro wa mazingira ya Ugalla, hatua nne zina uwezo wa kupunguza ukaidi.

Kwanza, amri itaje ardhi kwa alama zinazoonekana: jina la kitongoji, kijito, njia ya reli, au namba za vigingi vya mpaka. Palipo na ramani ya kijiji, iambatishwe.

Pili, amri itaje cheo cha kila ofisa mwenye wajibu, tendo analokatazwa au kuamriwa, na tarehe ya mwisho. Ikiwa eneo liko kwenye mpaka wa hifadhi, msitu na kijiji, mamlaka zote tatu ziunganishwe tangu mwanzo.

Tatu, amri iandikwe kwa Kiswahili. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021, Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya Mahakama, ingawa Kiingereza kinaweza kutumika pale haki inapohitaji. Amri iliyoandikwa kwa Kiingereza na kukabidhiwa mtendaji wa kijiji humpa kisingizio cha kutoelewa, na wakati mwingine kisingizio hicho huwa cha kweli.

Nne, amri ikabidhiwe ofisa mkononi na apokee kwa saini, na mpeleka hati aape kiapo siku hiyohiyo. Nakala moja katika masjala ya ofisi ya wilaya haitoshi kuthibitisha kwamba mkuu wa kikosi kilichopo porini aliijua. Mwombaji akirudi Sumbawanga bila uthibitisho huo, maombi yake ya dharau yataanguka hata kama nyumba yake imekwisha vunjwa.

Kuna pia jukumu la Mahakama yenyewe. Inaweza kuweka tarehe ya ofisa kurudi na taarifa ya utekelezaji iliyoapwa. Taarifa hiyo humlazimu ofisa aeleze mwenyewe alichofanya, na kumwondolea mwananchi mzigo wa kuthibitisha mambo yaliyofanyika ndani ya ofisi za watu.

8.0 Hitimisho

Sheria ya Tanzania inampa mwananchi haki ya kuishtaki Serikali na kushinda, lakini imeondoa zana nyingi za kuigeuza hukumu kuwa tendo. Shauri la kudharau mahakama ndilo limebaki, nalo ni zana finyu: linamlenga mtu, linadai uthibitisho mzito, na linashindwa pale amri ilipokuwa tamko tu au ilipoacha wajibu ukielea kati ya ofisi nyingi. Kuongeza ukali wa adhabu peke yake hakutaliondoa tatizo hili.

Marekebisho yanayoweza kupendekezwa ni mawili. La kwanza ni la kisheria: kinga dhidi ya zuio ipunguzwe katika migogoro ya makazi na ardhi ya vijiji, ambako madhara hayarekebishiki kwa fedha. La pili halihitaji Bunge: Mahakama Kuu iandae namna moja ya kuandika na kufikisha amri zinazowaelekea maofisa, pamoja na taarifa ya utekelezaji iliyoapwa. Kwa mrina asali au mkulima wa Ugalla, tofauti kati ya haki na karatasi yenye muhuri mara nyingi imo katika mambo madogo kama hayo: amri ilimtaja nani, ilisema ardhi ipi, na nani alitia saini kwamba ameipokea.